Sayyida Salme (Emily Ruete)

Sayyida Salme binti Said, anayejulikana pia kwa jina la Emily Ruete (Mtoni, Unguja, 30 Agosti 1844 – Jena, Ujerumani, 29 Februari 1924), alikuwa binti wa Sayyid Said bin Sultan, mtawala wa Omani na Zanzibar kutoka nasaba ya Busaidi. Kaka zake wanne walitawala Zanzibar mmoja baada ya mwingine kuanzia mwaka 1856 hadi 1893.

Mwaka 1866 alikimbia Zanzibar kwa siri akiwa na mimba ya mfanyabiashara Mjerumani. Akabatizwa, akaolewa na kuhamia Hamburg, ambako alibaki mjane akiwa na umri wa miaka 25. Kitabu chake cha kumbukumbu, kilichochapishwa mwaka 1886, ni kati ya maelezo machache ya maisha ya ndani ya kasri za Zanzibar yaliyoandikwa na mwanamke aliyekulia humo.

Alipozaliwa, baba yake alikuwa mtawala mwenye nguvu kuliko wote katika pwani ya Afrika Mashariki. Alipofariki, sultani wa Zanzibar alikuwa mtawala wa visiwa vichache chini ya ulinzi wa Uingereza. Maisha yake yanaonyesha jinsi dola hiyo ilivyopoteza nguvu zake hatua kwa hatua, na jinsi yeye mwenyewe alivyotumiwa katika mojawapo ya hatua hizo.

Wazazi

Baba yake, Sayyid Said, alitawala kuanzia mwaka 1806 hadi 1856. Alihamisha makao yake makuu kutoka Maskati hadi Unguja, akaeneza kilimo cha karafuu na kukuza biashara ya pembe za ndovu na watumwa kati ya bara na Bahari ya Hindi. Alipofariki aliacha watoto 36 waliokuwa hai, wavulana 18 na wasichana 18. Salme alikuwa kati ya wadogo zao.

Mama yake aliitwa Jilfidan. Alikuwa Mcherkesi, yaani mtu wa milima ya Kaukazi, eneo ambalo katika karne ya 19 lilikumbwa na vita virefu kati ya wenyeji na Dola la Urusi. Kwa mujibu wa Salme, babu yake upande wa mama alikuwa mkulima. Majambazi wenye silaha walivamia nyumba, wakawaua wazazi na kuwachukua watoto watatu, ambao walitenganishwa na hawakuonana tena. Jilfidan alifika katika nyumba ya Sayyid Said akiwa bado mtoto wa miaka 7 au 8, akalelewa pamoja na mabinti wa mtawala. Alipokuwa mkubwa alifanywa suria.

Katika sheria ya Kiislamu mtoto wa suria aliyekubaliwa na baba yake ni mtoto huru na ana haki ya kurithi sawa na mtoto wa mke wa ndoa. Kwa sababu hiyo Salme, ambaye mama yake alinunuliwa kama mtumwa, alikuwa binti wa mfalme kamili. Naye suria aliyemzalia bwana wake mtoto hakuweza kuuzwa tena, na alikuwa huru bwana wake alipofariki.

Utoto katika kasri za Unguja

Salme alizaliwa Bet il Mtoni, kasri kongwe la baba yake lililopo ufukweni kaskazini mwa Mji wa Zanzibar. Kwa makadirio yake mwenyewe, waliishi humo watu wapatao 1,000 pamoja na watumishi na watumwa. Lugha nyingi zilisikika: Kiarabu, Kiswahili, Kiajemi, Kituruki, Kicherkesi, Kinubi na Kihabeshi. Mbele ya Sayyid Said ilitakiwa kuzungumza Kiarabu tu.

Mkuu wa wanawake wa Mtoni alikuwa Azza binti Seif, mke wa ndoa wa Sayyid Said na mwenye nasaba ya kifalme ya Omani. Watoto na masuria wote walipaswa kumheshimu, na mume wake alimsikiliza. Mke mwingine wa ndoa alitoka Uajemi. Huyo alipenda kupanda farasi na kuwinda, na mwenendo wake uliwashangaza watu wa kasri. Baadaye aliachwa na kurudi kwao.

Salme alipokuwa na umri wa miaka 7 alihamia mjini pamoja na mama yake, katika nyumba ya Bet il Watoro iliyokuwa ya kaka yake Majid. Majid alimfundisha kupanda farasi na kutumia silaha. Baadaye mama na binti walihamia Bet il Tani, karibu na kasri kuu la Bet il Sahel.

Wasichana wa ukoo walifundishwa kusoma Kurani, lakini hawakufundishwa kuandika. Salme alijifunza kuandika kwa siri, akinakili herufi za Kurani kwenye mfupa wa bega la ngamia, kama walivyofanya watoto wa kiume chuoni. Ujuzi huo uliathiri maisha yake yote.

Wanawake na madaraka katika nasaba ya Busaidi

Wanawake wa ukoo wa Busaidi waliishi faraghani na hawakutoka nje bila kujifunika, lakini hawakukosa nguvu. Sayyid Said mwenyewe aliupata utawala kwa msaada wa shangazi yake, Moza binti Ahmad, aliyesimamia mambo ya dola huko Omani wakati mpwa wake alipokuwa bado kijana. Habari za shangazi huyo zilisimuliwa kwa fahari katika kasri za Unguja, na Salme alizisikia tangu utotoni.

Mabinti wa sultani walikuwa na mali kwa majina yao: mashamba ya mikarafuu na minazi, nyumba, vito na watumwa. Dada yake Salme aliyeitwa Khole alikuwa kipenzi cha baba yao, na alikabidhiwa funguo za ghala na hazina ya Bet il Sahel. Mwanamke aliyefikia utu uzima na kupata urithi wake aliweza kusimamia mali hiyo kwa kupitia wanyapara na mawakili.

Utajiri huo ulitegemea kazi ya watumwa. Wengi wao walichukuliwa kutoka maeneo yaliyo kati ya Ziwa Nyasa na pwani, wakapelekwa hadi Kilwa na kusafirishwa kwa majahazi hadi Unguja. Mkoa wa Njombe wa leo unapakana na ziwa hilo. Kwa hiyo, ingawa nyanda za juu za kusini hazikuwahi kutawaliwa na sultani kwa vitendo, biashara iliyolisha kasri za Unguja ilifika hadi huko.

Kifo cha Sayyid Said na mgogoro wa urithi

Sayyid Said alifariki tarehe 19 Oktoba 1856 baharini, akiwa njiani kurudi Unguja kutoka Omani. Dola ikagawanyika: mwanawe Thuwaini alitawala Omani, na Majid akawa mtawala wa Zanzibar. Salme, mwenye umri wa miaka 12, alitangazwa kuwa mtu mzima na kupewa fungu lake la urithi, yaani shamba lenye nyumba pamoja na fedha.

Mwaka 1859 ugonjwa wa kipindupindu uliua watu wengi Unguja, na Jilfidan alikuwa mmoja wao. Salme alirithi mashamba ya mama yake. Akiwa na miaka 15 alibaki bila baba wala mama, na akahamia kuishi na dada yake Khole.

Wakati huo kaka yao Barghash alipanga kumwondoa Majid madarakani. Khole alikuwa upande wa Barghash. Salme alimpenda Majid aliyemlea, lakini alimfuata dada yake. Kwa kuwa alijua kuandika, alifanywa katibu wa kundi la Barghash. Aliandika barua za siri kwa machifu na wafuasi, na za kuagiza silaha na risasi.

Njama iligunduliwa, na nyumba ya Barghash ikazingirwa na askari wa Majid. Dada zake walikwenda kumtembelea wakiwa na kundi kubwa la wanawake, na Barghash akatoka pamoja nao akiwa amejifunika buibui kama mwanamke. Alikimbilia shamba la Marseilles, ambako wafuasi wake walijenga ngome. Majid aliomba msaada wa Waingereza. Wanamaji wao waliivunja nguvu ya uasi, na Barghash akapelekwa Bombay, India, ambako alikaa miaka miwili.

Tukio hilo lilikuwa na matokeo makubwa kuliko ugomvi wa ndugu wawili. Kwa mara nyingine mtawala wa Zanzibar alibaki madarakani kwa nguvu ya Uingereza, na tangu hapo ilikuwa vigumu kwake kuikatalia jambo.

Salme aliondoka mjini akaenda kukaa Bububu. Baadaye alipatana na Majid na kumwachia nyumba ya Bububu, iliyohitajiwa kwa ajili ya balozi mdogo wa Uingereza. Kwa kufanya hivyo alivunja uhusiano na Khole na Barghash, ambao hawakumsamehe. Alirudi kuishi Mji Mkongwe, akiwa ametengwa na sehemu kubwa ya ndugu zake.

Rudolph Heinrich Ruete na kutoroka

Jirani yake mjini alikuwa Rudolph Heinrich Ruete (1839–1870), mfanyabiashara kutoka Hamburg aliyewakilisha kampuni ya Hansing. Nyumba zao zilikaribiana kiasi kwamba waliweza kuzungumza kutoka dari moja hadi nyingine. Kutokana na urafiki huo Salme alipata mimba mwaka 1866.

Hali hiyo ilikuwa ya hatari. Mwanamke Mwislamu hakuruhusiwa kuolewa na mwanamume Mkristo, na mimba nje ya ndoa ilikuwa aibu kwa ukoo mzima wa kifalme. Jaribio la kwanza la kumtorosha kwa meli ya Kijerumani lilishindikana. Mwishoni mwa Agosti 1866, usiku wa sikukuu ya mwaka mpya wa Waswahili, wakati watu wengi walipokwenda kuoga baharini kama ilivyo desturi, Salme alitelemka ufukweni akachukuliwa kwa mashua hadi manowari ya Kiingereza Highflyer. Meli hiyo ilimpeleka Aden.

Ruete alibaki Unguja kwa miezi kadhaa ili kumaliza shughuli zake. Majid hakumdhuru. Mnamo Desemba 1866 Salme alimzaa huko Aden mtoto wa kiume aliyeitwa Heinrich. Tarehe 30 Mei 1867, baada ya Ruete kufika, alibatizwa kwa jina la Emily na siku hiyohiyo wakafunga ndoa. Wakaanza safari ya kwenda Ujerumani. Mtoto wao alifariki njiani, nchini Ufaransa.

Hamburg na ujane

Huko Hamburg Emily Ruete alipaswa kujifunza lugha mpya, mavazi mapya na hali ya hewa ya baridi. Watu walimtazama kama kitu cha ajabu. Alizaa watoto watatu kwa miaka mitatu mfululizo: Antonie Thawka (1868), Rudolph Said (1869) na Rosalie Ghuza (1870). Kila mtoto alipewa jina la Kijerumani na la Kiarabu.

Mnamo Agosti 1870 mume wake aligongwa na tramu ya farasi, akafariki kutokana na majeraha. Binti yao mdogo alikuwa na umri wa miezi michache tu. Kwa sheria za wakati ule mjane hakuwa na mamlaka kamili juu ya mali wala juu ya watoto wake. Waliteuliwa walezi wanaume. Sehemu kubwa ya mali ilipotea, na Emily alilazimika kuishi kwa uangalifu mkubwa. Alihama mara kadhaa, akaishi Dresden, Rudolstadt, Berlin na Köln, na kwa muda alijipatia kipato kwa kufundisha Kiarabu.

Mwanamke aliyekuwa na mashamba yake tangu umri wa miaka 12 sasa hakuweza kuamua juu ya fedha za nyumba yake bila idhini ya walezi. Katika maandishi yake alirudia mara nyingi kulinganisha nchi hizo mbili, na hakukubali dai la Wazungu kwamba mwanamke wa Kiislamu hana haki yoyote.

Oktoba 1870 Majid naye alifariki, na Barghash akawa sultani. Pamoja na Majid alitoweka ndugu ambaye angeweza kumsamehe.

Safari ya London, 1875

Mwaka 1875 Barghash alitembelea Uingereza kwa mwaliko wa serikali. Emily alisafiri hadi London akiwa na matumaini ya kumwona na kupatana naye, na pia kudai urithi wake kutoka kwa ndugu waliofariki tangu alipoondoka.

Serikali ya Uingereza haikupenda mgeni wake asumbuliwe. Sir Bartle Frere, ambaye mwaka 1873 alikuwa ametumwa Zanzibar kudai kukomeshwa kwa biashara ya watumwa, alimwendea Emily na kumtaka aache nia yake. Aliahidi kwamba serikali ingesaidia elimu ya watoto wake. Emily alikubali kwa ajili ya watoto. Barghash alipokwisha kuondoka, msaada huo haukutolewa, kwa hoja kwamba watoto walikuwa raia wa Ujerumani na walikuwa na walezi huko. Ndugu hao wawili walikuwa katika mji mmoja lakini hawakuonana.

Kurudi Zanzibar, 1885 na 1888

Miaka kumi baadaye dai lake lilipata msaada kutoka upande mwingine. Mwishoni mwa mwaka 1884 Carl Peters alisaini mikataba na machifu wa Usagara, Uzigua, Nguru na Ukami, na Februari 1885 Kaisari wa Ujerumani alitoa barua ya ulinzi kwa maeneo hayo. Barghash alipinga, akisema nchi hizo ni zake. Chansela Otto von Bismarck alituma manowari.

Mwezi Agosti 1885 kundi la manowari za Kijerumani lilitia nanga mbele ya kasri la Unguja, na mizinga ikaelekezwa mjini. Emily Ruete aliletwa na msafara huohuo, akiwa raia wa Ujerumani mwenye dai dhidi ya sultani. Kama Barghash angekataa masharti, au kama dada yake angedhuriwa, Ujerumani ingekuwa na sababu ya kutumia nguvu. Kabla ya siku nyingi kupita Barghash alikubali ulinzi wa Kijerumani barani. Baada ya hapo Bismarck hakuwa tena na haja kubwa na dai la Emily.

Hata hivyo alishuka nchi kavu, mara ya kwanza baada ya miaka 19. Kwa mujibu wa kitabu chake, wakazi wengi walimsalimu kwa furaha barabarani. Barghash alikataa kumpokea na kukataa dai lake. Hoja ya upande wa sultani ilikuwa wazi: katika sheria ya Kiislamu mtu aliyeacha dini hamrithi Mwislamu. Kwa Emily, ambaye hakuacha kujiona binti wa Sayyid Said, jibu hilo lilikuwa kukataliwa na ukoo mzima.

Barghash alifariki mwezi Machi 1888 na nafasi yake ikachukuliwa na ndugu yao Khalifa. Mwaka huo Emily alisafiri tena hadi Unguja akijaribu bahati yake, lakini hakufanikiwa. Hakurudi tena Zanzibar hadi kufa kwake.

Kugawanywa kwa dola ya Zanzibar

Mwaka 1886 Ujerumani na Uingereza zilikubaliana kwamba sultani abaki na visiwa pamoja na ukanda wa pwani wenye upana wa maili 10. Mwaka 1890 zilibadilishana maeneo tena: Zanzibar ikawa nchi lindwa ya Uingereza, na sultani akalipwa mark milioni 4 kwa pwani ya Tanganyika.

Kutoka pwani hiyo Wajerumani waliendelea kuingia bara. Baada ya kumshinda Mkwawa wa Wahehe, aliyefariki mwaka 1898, walikuwa na udhibiti wa nyanda za juu za kusini, pamoja na Ubena ambako leo ipo miji ya Njombe na Makambako. Katika Vita ya Maji Maji (1905–1907) mapigano yalifika Njombe, na kituo cha misheni cha Yakobi kilishambuliwa. Wakazi wa huko hawakuulizwa neno mwaka 1885, wakati mipaka ilipoanza kuamuliwa mbele ya kasri la Unguja.

Kwenye kisiwa chenyewe, tarehe 25 Agosti 1896, Khalid, mwana wa Barghash, alijitangaza sultani bila idhini ya Waingereza. Manowari zao zilipiga kasri kwa mizinga kwa muda usiofikia saa moja. Watu wa upande wa Zanzibar wapatao 500 waliuawa au kujeruhiwa. Bet il Sahel na Bet il Hukm, nyumba ambazo Salme alizifahamu tangu utotoni, ziliharibiwa. Waingereza wakamweka sultani waliyemtaka, na mwaka uliofuata hali ya utumwa ikafutwa kisheria. Masuria hawakuhusishwa na sheria hiyo hadi mwaka 1909.

Kitabu na maandishi mengine

Kitabu chake kilitolewa kwa Kijerumani mjini Berlin mwaka 1886 kwa jina Memoiren einer arabischen Prinzessin, maana yake kumbukumbu za binti mfalme Mwarabu. Tafsiri ya Kiingereza ilitoka mwaka 1888. Ni kati ya vitabu vya kwanza kabisa vya maisha binafsi vilivyochapishwa na mwanamke Mwarabu.

Kitabu kinaeleza malezi ya watoto, vyakula, mavazi, dawa, sikukuu, ndoa na nafasi ya wanawake. Wanahistoria wanakitumia kwa sababu mwandishi aliyaona mambo hayo mwenyewe, tofauti na wasafiri wa Kizungu ambao hawakuruhusiwa kuingia katika vyumba vya wanawake.

Kuhusu utumwa, mwandishi aliutetea. Alidai kwamba watumwa wa Waarabu walitendewa vizuri, na aliwaeleza Waafrika kwa maneno ya dharau. Maoni hayo ni ya mtu aliyekua akihudumiwa na watumwa na aliyemiliki watumwa. Habari ya mama yake, aliyetekwa na kutenganishwa na ndugu zake, imo katika kitabu hichohicho, lakini haikumbadilisha msimamo.

Aliandika pia maelezo marefu ya maisha yake ya Ujerumani kwa mtindo wa barua kwa rafiki wa nyumbani. Maandishi hayo hayakuchapishwa alipokuwa hai. Yalihifadhiwa Leiden, Uholanzi, pamoja na maktaba iliyotolewa na mwanawe, na kuchapishwa pamoja na kumbukumbu zake mwaka 1993 na mtaalamu E. van Donzel.

Miaka ya mwisho

Baada ya mwaka 1888 Emily hakutaka kurudi moja kwa moja Ujerumani. Aliishi Jaffa na kisha Beirut, mahali ambapo lugha ya Kiarabu ilisikika mitaani. Mwaka 1914 alirudi Ujerumani, akaishi na familia ya binti yake Rosalie, aliyeolewa na afisa wa jeshi.

Hapo alishuhudia mwisho wa koo nyingine za kifalme. Mwaka 1917 nasaba ya Romanov ya Urusi, iliyoteka nchi ya mama yake, ilipinduliwa. Mwaka 1918 Kaisari Wilhelm II alikimbilia Uholanzi, na Ujerumani ikapoteza makoloni yake yote, pamoja na yale yaliyopatikana kwa manowari za mwaka 1885. Mfumuko wa bei uliofuata uliteketeza akiba za watu wengi. Katika miaka yake ya mwisho sultani Khalifa bin Harub wa Zanzibar alikubali kumlipa pensheni ya pauni 100 kwa mwaka. Ilikuwa mara ya kwanza ukoo kumtambua tena.

Alifariki Jena tarehe 29 Februari 1924 kwa ugonjwa wa mapafu, akiwa na umri wa miaka 79. Alizikwa Hamburg, katika makaburi ya Ohlsdorf, kwenye kaburi la familia ya Ruete. Mfuko mdogo wa mchanga wa Zanzibar, aliokuwa ameuhifadhi tangu safari zake, ulizikwa pamoja naye.

Watoto

Antonie aliolewa na Eugen Brandeis, aliyekuwa afisa wa kikoloni wa Ujerumani katika Visiwa vya Marshall. Mwaka 1907 alitoa kitabu cha mapishi kwa ajili ya Wajerumani walioishi nchi za joto. Alifariki mwaka 1945.

Rudolph, aliyejiita Said-Ruete, aliandika kitabu juu ya babu yake Sayyid Said, kilichotolewa London mwaka 1929. Wakati wa utawala wa Wanazi aliacha uraia wa Ujerumani na kuhamia Uingereza. Alifariki nchini Uswisi mwaka 1946. Rosalie alifariki mwaka 1948.

Kumbukumbu

Nasaba ya Busaidi iliendelea kutawala Zanzibar kwa miaka 40 baada ya kifo cha Salme. Visiwa vilipata uhuru tarehe 10 Desemba 1963, na tarehe 12 Januari 1964 mapinduzi yalimwondoa sultani wa mwisho, Jamshid bin Abdullah, aliyekimbilia Uingereza. Miezi mitatu baadaye Zanzibar na Tanganyika ziliungana.

Kasri la Mtoni limebaki magofu. Katika kasri la masultani mjini, lililogeuzwa makumbusho, kilitengwa chumba kwa ajili ya Salme, na mwaka 2015 ilifunguliwa makumbusho ndogo juu ya maisha yake huko Mji Mkongwe.

Mjini Hamburg uwanja mmoja ulipewa jina lake mwaka 2019. Baadaye, kutokana na malalamiko juu ya maandishi yake kuhusu utumwa na Waafrika, mamlaka ya mtaa iliamua kuliondoa jina hilo. Waliomtetea walimtazama kama mwanamke aliyevuka mipaka ya dini na nchi. Waliompinga walikumbusha watu waliolima mashamba yake na ambao majina yao hayakuandikwa popote.